Kibuyu cha Mama Kasaine

Kikombe cha kwanza cha maziwa Nyaguthii alikinywa kwa mapenzi. Cha pili alikinywa kwa sababu mama wa mchumba wake alikuwa amekaa mbele yake akimtazama, na kati ya wageni wote waliokuwa pale barazani ni yeye peke yake aliyethubutu kushukuru kwa Kimaasai.

"Ashe oleng, yieyo," alisema, akijipangusa mdomo.

Mama Kasaine akatua kibuyu sakafuni. Alimkagua msichana huyu toka kichwani hadi viatuni, kisha akacheka mpaka shanga za masikioni zikachezacheza. "Huyu amefundishwa na nani?"

"Nimejifunza tu, mama."

Alikuwa amejifunza kwa bidii. Kila mara duka la dawa walilofanyia kazi pale Kitengela lilipokosa wateja, mwenzake wa kazi, Seleyian, alimkalisha nyuma ya kaunta akamfundisha kusalimu, kushukuru na kuinamisha kichwa mbele ya mkubwa. Hakumfundisha maneno tu, alimfundisha na mambo ya watu wao. Nyaguthii aliyaweka yote moyoni kimyakimya, hata Kasaine hakumwambia, ili siku atakayopelekwa kwao Bissil amshangaze.

Siku hiyo ilikuwa iwe kesho, Jumapili, baada ya kanisa. Leo ilikuwa ya marafiki: Kasaine na Nyaguthii, Gakuru na mkewe Judy, na Sandra, ambaye Nyaguthii aliishi naye nyumba moja na kuazimana naye kila kitu, kuanzia viatu hadi bega la kulilia. Walikuwa wamekodi nyumba ya wageni juu ya kilima, nje kidogo ya Bissil, wapumzike kabla ya Jumamosi ijayo, siku ambayo wazee wa ukoo wa Kasaine wangefika Kitengela kwa Mzee Gichuru kumposa Nyaguthii. Lakini Mama Kasaine alikuwa amesikia sokoni kwamba mwanawe yuko karibu, na nani angemzuia mama asimwone mtoto wake? Alipanda kilima asubuhi hiyo na kibuyu chake mgongoni.

"Nikuongeze," mama alisema.

"Mama, inatosha," Kasaine akadakia. "Hajazoea. Tumbo itamsumbua."

Nyaguthii alimtupia jicho la mahaba. Kasaine alikuwa mwanamume mrefu, mwenye tabasamu la taratibu ambalo lilianza jichoni kabla ya kufika mdomoni, na kwa ajili ya tabasamu hilo Nyaguthii alikosana na baba yake mzazi. Mzee Gichuru, mwenye duka la vifaa vya ujenzi karibu na stendi, hakutaka hata kulisikia jina la Kasaine nyumbani kwake. "Kijana unamjua kwake ama unamjua Kitengela?" alikuwa akiuliza. "Umeona mama yake? Umelala kwao? Basi usiniambie unamjua." Nyaguthii alilia, akasusa chakula, akahama nyumbani, akamwambia baba yake mbele ya shangazi zake kwamba anamjua Kasaine kuliko anavyojijua mwenyewe. Mzee alipochoka kupigana na mtoto wake akakubali, shingo upande, wageni waje.

Kwa hiyo leo Nyaguthii alikuwa na furaha ya mtu aliyeshinda. Alimwona Kasaine akihamisha uzito kutoka mguu mmoja hadi mwingine nyuma ya kiti cha mama yake, akadhani ni haya tu ya mwanamume aliyeshtukizwa. Pembeni, Gakuru aligeuza mbavu za mbuzi kwenye jiko la makaa, na mafuta yakachuruzika motoni yakitoa harufu tamu. Judy alikata kachumbari, akikata nyanya moja kwa muda mrefu mno. Sandra alikuwa ndani. Aliposikia tu sauti ya mama huko chini njiani alisema kichwa kinamgonga, akajifungia chumbani.

"Mbona mmenyamaza hivyo?" mama aliuliza, akiwazungushia macho. "Na Pakiteng yuko wapi?"

Kisu cha Judy kikasimama.

"Mama, wacha nikuletee chai," Kasaine alisema.

"Chai nimekunywa kwangu. Nauliza Pakiteng. Nimemuona kwa dirisha nikiingia." Akainua sauti, sauti ya mwanamke aliyezoea kuita ng'ombe kutoka bonde la pili. "Pakiteng! Kwani unajificha?"

Nyaguthii alikuwa bado ameshika kikombe. Neno hilo alilijua. Seleyian alimweleza mchana mmoja wa mvua, wakipanga chupa za dawa ya kikohozi. Kwetu, alimwambia, mtu akikupa ng'ombe, jina lako linaishia hapo. Yeye atakuita Pakiteng na wewe utamwita Pakiteng, maisha yenu yote, na kumwita kwa jina lake tena ni kumvunjia heshima. Ukiolewa kwao, mama mkwe atakuonyesha mnyama wako, halafu utasikia anavyokuita. Hapo ndipo utajua umekubaliwa.

Mlango ukafunguliwa. Sandra alitoka taratibu, kanga mabegani, macho chini. Msichana huyu alilelewa Rongai, Mmaasai wa mjini, aliyekuwa akisema kwa mzaha kwamba Kimaasai chake kinaisha kwenye salamu. Hakumtazama Nyaguthii. Alikwenda moja kwa moja hadi kwa mama, akainamisha kichwa, na mama akamwekea kiganja utosini.

"Takwenya, Pakiteng."

"Iko," Sandra alijibu. Kisha, kwa sauti iliyosikika kwa shida, "Pakiteng."

"Umekonda. Kitengela hawakupi chakula?" Mama alimshika mkono akamketisha karibu naye, akagonga kibuyu kwa furaha. "Nimekuletea habari njema. Ile mtamba yako imezaa. Ndama jike, mweupe hapa kwa paji. Hii ndiyo maziwa yake. Nilisema pale nyumbani mtu asionje kabla ya mwenyewe." Akamgeukia Nyaguthii, akacheka tena kwa ukarimu wote. "Lakini rafiki yako ameshakumalizia!"

Hakuna aliyecheka naye.  Nyaguthii alisikia ugwadu wa maziwa yale ukirudi hadi kooni, na kwa mara ya kwanza harufu ya mafuta ya mbuzi ikamkera.

Aliweka kikombe chini. Alitaka kuwa na hakika. "Mama," aliuliza, na alishangaa jinsi sauti yake ilivyotulia, "Sandra ni nani kwako?"

"Si ni bibi ya Kasaine?" Mama alimjibu kwa mshangao wa mtu aliyeulizwa kama jua hutoka mashariki. "Alimleta mwenyewe, nikiwa naenda kupasuliwa hospitali. Akasema, mama, ndiye huyu. Nikampea mtamba. Kwani wewe hukujua?" Halafu akamtazama vizuri, akaiona pete kidoleni, na furaha ikaanza kumtoka usoni. "Na wewe, mtoto yangu, ni wa nani hapa?"

Swali hilo lilimfika Nyaguthii kwenye mfupa. Alimgeukia Kasaine ajibu yeye. Kasaine alitazama jiko.

"Mama hakuelewa," alisema hatimaye.

"Sikuelewa nini?" Mama akasimama. "Jana si ulinipigia? Si uliniambia mkija kwangu Jumapili na wageni nimuite Sandra? Nikakuuliza, mtu nimempea ng'ombe, nitamuitaje jina kama mtoto ya jirani? Ukanikatia simu. Sasa niambie mbele ya hawa, ni nini sikuelewa?"

Unaweza kumdanganya mpenzi, ukamdanganya na rafiki, ukawafundisha watu wazima wawili kunyamaza. Lakini Kasaine alikuwa amesahau kwamba mama yake hawezi kuifuta heshima aliyokwisha kuitoa, hata kwa dakika moja, hata kwa kubembelezwa.

"Babe," Kasaine alisema, akimsogelea Nyaguthii na viganja vyake wazi. "Mama alikuwa mgonjwa. Alikuwa anaogopa atakufa kabla hajaona bibi yangu. Na wewe baba yako alikuwa amekukataza kukanyaga huku. Ningefanya nini? Nilimuomba Sandra anisaidie, asimame tu mahali yako. Ilikuwa ni ya mama tu. Sandra, mwambie."

Wote wakamtazama Sandra. Alikuwa amejikunyata kwenye kiti, kanga ameivuta hadi kidevuni. Kisha akaiacha ikaanguka.

"Nimwambie nini, Kasaine?" alisema. "Nimwambie ile ulitaka niseme, ama nimwambie ukweli?"

"Sandra!"

"Hapana, usiniite hivyo. Nimechoka. Hata jana usiku ukinitumia mesej ulikuwa unaniambia nivumilie." Akamgeukia Nyaguthii kwa mara ya kwanza. Macho yalikuwa mekundu, lakini kidevu kilikuwa juu. "Hakuniomba kusimama mahali ya mtu. Aliniambia wewe na yeye mmeisha, kwamba baba yako amemshinda, kwamba anakuonea huruma tu hajui vile atakuambia. Nikamuamini. Halafu siku moja ukaingia kwa nyumba na pete. Ukanirukia shingoni, unakumbuka? Ukaniambia nikuchagulie rangi ya nguo."

"Na ukanichagulia," Nyaguthii alisema.

"Ningefanya nini?"

"Ulinisuka nywele, Sandra. Juzi. Nimekaa katikati ya magoti yako nikikuelezea vile naogopa mama yake hatanipenda. Na wewe ukaniambia, usijali, ni mama mzuri."

 Sandra angalau alikuwa na haya ya kutosha kuinamisha macho. Nyaguthii aliusikia ule uzi wa kichwani, wa nywele zilizosukwa kwa vidole vile, ukimwasha hadi akatamani kuzikata zote hapo hapo.

Gakuru alikohoa. Alikuwa na ubavu mkononi, na kwa sababu hakujua la kufanya na mikono yake alikuwa ameendelea kuutafuna, mafuta yakimng'aa kidevuni. Nyaguthii alimtazama, kisha akamtazama Judy, na kwenye nyuso zao hakuona mshangao hata kidogo. Hapo akaelewa.

"Nyinyi pia mlijua."

"Wacha nikuambie, Nyaguthii," Judy alianza, akipangusa mikono kwenye aproni. "Usituchukulie vibaya. Ile kitu ilikuwa inatusumbua sana. Gakuru atakuambia, mimi nilikuwa hata silali. Tuliongea tukasema wacha tusimharibie furaha. Tulikuwa tukuambie tu vizuri, baada ya harusi."

"Baada ya harusi?"

"Ukiwa umetulia."

Nyaguthii alijaribu kucheka ikashindikana. Baada ya harusi! Walikuwa wamekaa na siri hii, wakila naye, wakicheza karata naye, wakimpigia picha na pete yake, kila mmoja akimtazama mwenzake juu ya kichwa chake. Kila kicheko cha usiku uliopita kilimrudia sasa kikinuka. Alijiona alivyokuwa ameketi katikati yao amejaa furaha, na alijichukia karibu kama alivyowachukia wao.

"Sikiliza," Kasaine alisema, na sauti yake ikawa ya mtu aliyepata njia. "Hata tusikuze hii maneno. Kwetu si kitu kigeni mwanamume kuwa na..."

Hakumaliza. Mama yake alimgeukia kwa ghafla hata Gakuru akaweka nyama chini.

"Usitaje kwetu," mama alisema. "Baba yako alikuwa na bibi wawili. Mimi ndio nilienda kuchukua wa pili kwa mama yake. Nilimshika mkono nikamleta kwa nyumba yangu, nikampikia. Hakuna mtu alijificha kwa dirisha. Hii yako umetoa wapi?"

Kasaine alinywea. Kisha akafanya jambo ambalo Nyaguthii hakulitarajia hata kwake. Akamwacha mama, akamwacha Sandra aliyekuwa hatua mbili tu kutoka kwake, akamwinamia Nyaguthii na kumnong'oneza kwa sauti ambayo wote waliisikia: "Mimi nakutaka wewe. Nimekuchagua wewe. Mama atachukua hiyo ng'ombe yake, Sandra atahama Kitengela, na mambo itakuwa imeisha leo."

Sandra alitoa mlio mdogo, akaziba mdomo kwa kanga.

"Ng'ombe nimetoa sirudishi," mama alisema polepole. "Hata kama hataki kukaa na wewe, atakuja achukue ng'ombe yake na ndama."

Nyaguthii aliingia ndani kuchukua mkoba wake. Chumba alicholala kilikuwa cha yeye na Sandra. Nguo zao zilikuwa zimechanganyika kitandani, na ilibidi azitenganishe moja moja, akizishika kwa ncha za vidole. Blauzi mbili hakukumbuka ni za nani. Aliziacha.

Alipotoka, Mama Kasaine alikuwa amemsubiri mlangoni. Alionekana mdogo kuliko alivyokuwa alipofika. "Mimi sikujua kama uko," alisema.

"Najua, mama. Si wewe."

"Umejifunza lugha yangu bure."

Maneno hayo ndiyo yaliyokaribia kumliza. Aliinamisha kichwa kama alivyofundishwa, mama akamgusa utosini, naye akateremka ngazi.

Kasaine alimfikia langoni. Chini kabisa barabara ya Namanga ilionekana, malori yakipita. Hakujaribu kumshika. Alijua kumjia Nyaguthii, tena alijua kuliko mtu yeyote.

"Sawa, enda," alisema kwa upole. "Lakini fikiria. Utafika Kitengela umwambie baba yako nini? Wewe ndio ulisimama mbele ya shangazi zako ukasema unanijua. Wamealika watu, mama yako ameshaazima viti. Mzee atakuangalia tu, hatasema kitu, na hiyo kunyamaza yake utakula nayo kila siku mpaka uzeeke. Unataka hiyo?" Akasogea. "Ama tukae hapa kidogo, tuongee, tusameheane. Watu wanasameheana, Nyaguthii. Jumamosi ikuje, ipite. Nani atajua?"

Alikuwa amemgusa penyewe. Na hata baadaye maishani Nyaguthii hakupenda kuikumbuka dakika ile, kwa sababu alisimama akawaza. Alimwona baba yake mlangoni pa duka, mikono mgongoni. Aliwaona shangazi zake wakigusana viwiko. Na kweli, nani angejua? Waliojua wote walikuwa pale kilimani, na walikwisha kufuzu kunyamaza. Sandra angehama. Wazee wangekuja na blanketi na sukari, nyimbo zingeimbwa, picha zingepigwa, na yeye angebaki na heshima yake mbele ya watu. Lililotakiwa kwake lilikuwa dogo tu. Alitakiwa kumeza.

Alimeza mate. Kasaine akauona mtikisiko ule wa koo akadhani amekubaliwa. Akamvuta kifuani. Shati lake lilikuwa na moshi wa nyama, na chini ya moshi kulikuwa na mafuta ya nywele, yale ya kopo la kijani ambalo Nyaguthii na Sandra walikuwa wakichangia bafuni. Pua yake ilijaribu kutambua ni ya kichwa kipi, chake au cha mwenzake, na haikuweza.

Alimsukuma. Aliwahi nguzo ya lango akaikumbatia, akainama, na maziwa yote yakatoka, kikombe cha kwanza na cha pili, yakamwagika kwenye vumbi na kwenye kiatu cha Kasaine. Alitapika hadi machozi yakamtoka, akadhani yamekwisha, akatapika tena. Mkono wa mtu ukamshika paji la uso. Alikuwa mama, aliyeteremka mbio bila viatu.

Aliponyanyua kichwa, Kasaine alikuwa amechuchumaa mbele yake anamkodolea macho. Kitu kilikuwa kinamwamka usoni. Kilianza jichoni, taratibu, kikashuka mdomoni, na Nyaguthii akakitambua: ni lile tabasamu.

"Nyaguthii," alisema, sauti ikimtetemeka kwa furaha. "Kumbe uko na mimba?"

Mama alimgeukia Nyaguthii.

"Si ungesema!" Kasaine akasimama, akapiga makofi mara moja, akageuka kuelekea barazani awaite wengine, akarudi tena. "Basi hapa hakuna maneno tena! Baba yako atasema nini? Hata yeye hana la kusema! Mama, umeona? Tunaenda Jumamosi, lazima!"

Nyaguthii alijipangusa mdomo kwa mgongo wa mkono. Alimtazama mwanamume huyu ambaye kwa ajili yake aligombana na dunia nzima, akamtafuta ndani yake yule aliyempenda, akimtafuta kwa haki kabisa, bila haraka. Hakumpata.

"Sina mimba, Kasaine," alisema. "Ni wewe."

Akafungua lango mwenyewe. Alipofika kwenye kona ya kwanza ya kilima alikuwa tayari ameweka simu sikioni, na baba yake akaipokea upesi, maana siku hizi aliogopa kila simu yake.

"Baba," alisema kabla hajaulizwa, "Jumamosi hakuna wageni. Mimi ndio nimekataa."